Wa kwanza mara ngapi? Ruth de Souza na mlango uliojifunga nyuma yake

Pazia linafunguka. Mtu wa kwanza kuonekana ni bibi kizee, pekupeku, kitambaa chekundu kichwani, kifurushi chake kikining'inia kwenye fimbo begani. Ananyata kuvuka chumba cha mfalme, anataka kutoroka kabla hajaonwa. Anadakwa bega, anababaika maneno machache, anaponyoka. Basi, kazi yake imekwisha. Mchezo utaendelea mpaka mwisho na yeye harudi tena.

Kwenye maandishi ya Eugene O'Neill, mwandishi wa michezo wa Marekani, bibi huyo hana hata jina. Usiku wa tarehe 8 Mei 1945, katika Theatro Municipal ya Rio de Janeiro, aliyemcheza alikuwa binti wa miaka 23 aliyebakiza siku nne kutimiza 24: Ruth de Souza. Ukumbi ule ulifunguliwa mwaka 1909. Kwa miaka 36 hakuna mwigizaji wa kike mweusi aliyekuwa amekanyaga jukwaa lake, na wa kwanza alipopanda, alipanda akinyata.

Wasifu wake wowote utakaoushika umejaa neno hilo moja, "wa kwanza". Wa kwanza kwenye jukwaa la Municipal. Mbrazili wa kwanza kushindania tuzo ya mwigizaji bora wa kike katika tamasha kubwa la filamu la nje. Mwanamke mweusi wa kwanza kubeba tamthilia ya Globo, kituo cha televisheni cha Brazil. Zamani nilikuwa nikiisoma orodha hiyo kama sifa. Siku hizi naisoma kama hati ya mashtaka. Mtu akifungua mlango mwaka 1945, kisha mwaka 1969 akapongezwa upya kwa kuwa wa kwanza kuingia, ina maana kuna aliyekuwa ndani akiufunga kila alipopita.

Ruth alizaliwa tarehe 12 Mei 1921 huko Engenho de Dentro, kitongoji cha karakana za reli kaskazini mwa Rio. Kesho yake ilikuwa kumbukumbu ya miaka 33 tangu Brazil ifute utumwa, tarehe 13 Mei 1888, ikiwa nchi ya mwisho kufanya hivyo katika mabara yote mawili ya Amerika. Karibu Waafrika milioni 5 walikuwa wameshushwa huko, na baadhi yao walipakiwa Quelimane na Kisiwa cha Msumbiji, kwenye pwani hii hii tunayoiita yetu. Kwa hiyo Ruth alipokuwa mtoto, wazee waliozaliwa utumwani bado walikuwa hai, wanakaa barazani, wanasimulia. Hayakuwa mambo ya kusoma vitabuni tu.

Miaka yake ya mwanzo aliishi shamba, Minas Gerais. Baba akafariki yeye angali mdogo, mama akarudi Rio na watoto, akapata riziki kwa kufulia watu nguo huko Copacabana. Huko mjini ndiko mtoto alikoonja sinema, na filamu iliyomroga ilikuwa ya Tarzan. Hebu fikiria: binti mweusi anaipenda sinema kupitia hadithi ambamo Mzungu anabembea mitini huku Waafrika kazi yao ni kukimbia vichakani. Hakutaka kuwa mmoja wa wale wanaokimbia. Alitaka kuwa mwigizaji. Alipowaambia watu, walicheka. Pengine hawakuwa na roho mbaya. Walikuwa wanataja tu walichokiona kwenye kiwambo, na kwenye kiwambo mtu kama yeye hakuwepo.

Kilichombadilishia maisha kilianzia mbali na Rio. Mwaka 1941 Abdias do Nascimento, kijana mweusi wa Kibrazili, alikuwa Lima, Peru, akaingia kutazama mchezo wa O'Neill kuhusu mfalme mweusi, The Emperor Jones. Mfalme akatoka nyuma ya pazia: mwigizaji Mzungu kutoka Argentina, kajipaka weusi usoni. Abdias alirudi nyumbani na swali ambalo halikumtoka, na mwaka 1944 akaanzisha Teatro Experimental do Negro, yaani Tamthilia ya Majaribio ya Weusi. Wanachama wake wengi walikuwa madada wa kazi na vibarua. Baadhi hawakujua kusoma, kwa hiyo kabla ya kufundishwa kutembea jukwaani walifundishwa herufi. O'Neill mwenyewe aliwaruhusu kuutumia mchezo ule bila malipo. Aguinaldo Camargo akacheza mfalme. Ruth akacheza bibi kizee anayenyata.

Nasisitiza kuhusu shule ile kwa sababu watu hupenda kumsimulia Ruth kama kipaji kilichodondoka kutoka mbinguni. Sivyo. Alitokana na chama, na mazoezi ya usiku baada ya kazi, na watu walioamua kwamba wasipopewa jukwaa watalijenga. Miaka michache baadaye alipata ufadhili wa Rockefeller Foundation, akaenda Marekani kwa mwaka mmoja. Alisoma Chuo Kikuu cha Howard, Washington, na kwenye ukumbi wa Karamu House huko Cleveland, ambako mwigizaji mweusi aliweza kufanya kazi kama mwigizaji, huku katika majimbo ya kusini sheria za ubaguzi zikiwa bado zinamwonyesha mweusi akae wapi kwenye basi. Si wengi kati ya waigizaji wenzake wa Brazil, weusi kwa weupe, waliokuwa na elimu kama hiyo ya jukwaa.

Aliporudi nyumbani, aproni ilikuwa inamsubiri.

Alikuwa ameshaingia kwenye filamu tangu mwaka 1948, katika Terra Violenta, iliyotokana na riwaya ya Jorge Amado. Sasa akaajiriwa na Vera Cruz, studio iliyojengwa São Bernardo do Campo mwaka 1949 na matajiri wa São Paulo waliotaka Brazil iwe na Hollywood yake. Walileta mafundi kutoka Ulaya, wakajenga majumba ya kupigia picha, wakaajiri nyota kwa mikataba. Kila filamu ilihitaji nyumba ya kitajiri, na kila nyumba ya kitajiri ilihitaji mtu wa kufungua mlango. Huku kwetu tungemwita beki tatu. Ruth akawa anaufungua, filamu baada ya filamu, kwa mkataba mzuri na uso usiosahaulika.

Kisha ikaja Sinhá Moça ya mwaka 1953. Ni hadithi ya binti wa bwana shamba anayepinga utumwa, na kijana mpenzi wake anayewasaidia watumwa kwa siri. Wapenzi hao wawili, bila shaka, ni Wazungu. Ruth ni Sabina, mtumwa. Filamu inataka tuwatazame wapenzi. Ukimtazama Sabina, mambo yanageuka. Ruth hachezi kwa mikono wala kwa kilio. Anasimama, anashusha macho, anayainua kwa kuchelewa kidogo, na katika ule ucheleweshaji unaona kwamba mtumwa huyu amemwelewa bwana wake kuliko bwana anavyojielewa. Kule kwenye tamasha la filamu la Venice, Italia, waliliona hilo. Jina lake likawekwa kwenye kinyang'anyiro cha mwigizaji bora wa kike pamoja na Katharine Hepburn, Michèle Morgan na Lilli Palmer. Tuzo ikaenda kwa Palmer.

Mwanzoni mwa 2025, Fernanda Torres aliponyakua Golden Globe, Wabrazili walisherehekea kama waliotwaa Kombe la Dunia, na wakakumbushana kuwa mama yake, Fernanda Montenegro, aliteuliwa kuwania Oscar mwaka 1999. Furaha yao ni halali kabisa. Montenegro ni mwalimu wa walimu. Ila zaidi ya miaka 40 kabla ya uteuzi ule, binti wa dobi kutoka Copacabana alikuwa amekwisha kukaa meza moja na Hepburn, akiwa amevaa mavazi ya mtumwa. Montenegro aliporudi kutoka kwenye mafanikio yake, majukumu makubwa yalizidi. Ruth aliporudi, Vera Cruz ilikuwa mbioni kufilisika, na studio nyingine hazikuwa na hadithi ambayo mhusika wake mkuu angefanana naye. Simaanishi kwamba alikaa bila kazi. Kazi alikuwa nayo karibu maisha yake yote. Alichokosa ni kazi iliyolingana naye.

Mara moja aliipata, nayo ilitoka jaani. Mwaka 1960 kilichapishwa kitabu cha Carolina Maria de Jesus, mwanamke mweusi aliyeishi na watoto wake watatu katika mtaa wa mabanda wa Canindé, São Paulo, akiokota karatasi na vyuma vya kuuza. Kwenye madaftari aliyoyaokota takatakani aliandika shajara: bei ya mkate, ugomvi bombani, siku ambazo watoto walilala na njaa. Kitabu kikauzika kama njugu. Mwaka uliofuata kikageuzwa mchezo wa jukwaani, na Ruth akapewa kumcheza Carolina.

Zipo picha za siku alipokwenda Canindé na Carolina mwenyewe. Wanawake wawili weusi wamesimama kwenye matope kati ya vibanda vya mbao, mmoja ndiye aliyeishi hapo, mwingine amekuja kujifunza namna anavyosimama. Naipenda picha hiyo kuliko zozote za Venice. Kwa mara moja Ruth hakuletewa mtumishi aliyebuniwa na mwandishi ambaye mtumishi wake mwenyewe hakuwahi kumsikiliza. Aliletewa mtu kamili, mwenye kiburi, mwenye hasira, mwenye maneno yake. Mwaka 1983 Globo walipotengeneza kipindi kuhusu maisha ya Carolina, Ruth alimrudia mhusika huyo huyo, miaka 22 baadaye.

Lakini tukizungumzia Brazil tunazungumzia tamthilia za televisheni, na hapo ndipo kisa chetu kinapokolea. Sinema Brazil ni ya wachache. Tamthilia ya jioni ni ya taifa. Hupangiwa saa, chakula cha usiku husogezwa kuipisha. Sisi wa Afrika Mashariki tulioonja tamthilia za Amerika Kusini, nyingi za Meksiko, tunaijua hali hiyo: simu haipokelewi, mgeni anaonyeshwa kiti kwa kidole. Anayeonekana kila jioni kwenye sebule ya nchi nzima ndiye anayehesabika kuwa raia wa nchi hiyo. Asiyeonekana hahesabiki.

Mwaka 1969 Globo, kituo kilichokuwa na miaka minne tu hewani, kilitengeneza tamthilia kutokana na Uncle Tom's Cabin. Ruth akapewa Cloé, mke wa Tomás. Mwanamke mweusi, jukumu kuu, Globo: wa kwanza. Na Tomás mwenyewe? Tomás alipewa Sérgio Cardoso, nyota Mzungu. Alipakwa rangi nyeusi, akawekwa pamba mashavuni na vizibo puani ili pua itanuke. Kana kwamba hiyo haikutosha, katika tamthilia hiyo hiyo alicheza pia Abraham Lincoln, hivyo mtumwa na rais wa ukombozi wakawa bwana mmoja wa Kizungu anayebadilisha vipodozi. Mwandishi wa tamthilia Plínio Marcos alipinga hadharani. Waigizaji weusi walikuwepo, walikuwa na majina, walikuwa na uzoefu. Haikusaidia.

Sasa weka kamera mahali pake. Ni asubuhi, studioni. Mwigizaji aliyesomea Howard, aliyepanda Municipal katika mchezo uliochaguliwa na Abdias kwa sababu ya yule Mzungu aliyejipaka masizi kule Lima, amekaa kwenye kiti cha mapambo. Kiti cha pili yupo mume wake wa kwenye hadithi, anapakwa. Miaka 24 imepita tangu usiku ule wa Mei. Anachotakiwa Ruth kukifanya ni kumtazama mtu huyo machoni na kumwita mume wangu, kwa ukweli ambao mtazamaji ataamini. Na alifanya. Mimi nashindwa kuamua kama huo ni ushindi au ni msiba, na nimeacha kujilazimisha kuamua.

Miaka saba baadaye Globo waliandaa tamthilia iliyotembea dunia nzima, Escrava Isaura, kutokana na riwaya ya Bernardo Guimarães ya mwaka 1875. Kuanzia Cuba mpaka Poland na China watu walimlilia mtumwa Isaura. Isaura ni mweupe. Hivyo ndivyo alivyo hata riwayani: mtumwa wa kuzaliwa, ngozi ya Kizungu, kinanda mkononi, na msiba wake wote ni kwamba mtu wa sura ile anatendewa kama mtumwa. Alichezwa na Lucélia Santos, na alicheza vizuri. Mtumwa mwenye fitina, Rosa, alichezwa na Léa Garcia, mwigizaji mweusi hodari wa kizazi kilichomfuata Ruth, naye pia mtoto wa Teatro Experimental do Negro. Ndiyo hesabu ya televisheni ile: utumwa ulioliza ulimwengu ulikuwa wa mweupe, na weusi walibaki na viboko pamoja na fitina.

Ruth aliendelea. Mwaka 1973 alikuwa Chiquinha do Parto, mkunga katika O Bem-Amado, tamthilia ya kwanza ya rangi ya Brazil. Akawa mama wa fulani, nyanya wa fulani, mpishi, mfuaji, mganga. Mwaka 2001, akiwa na miaka 80, alikuwemo kwenye O Clone. Tamthilia hizo ni nyingi na sina haja ya kuzipanga mstari. Ukweli ni kwamba katika nyingi kati yake mhusika wake hana kitanda: hatumwoni akilala, hatumjui mpenzi wake, watoto wake wakitajwa hutajwa kwa sababu ya matatizo ya mwenye nyumba. Akitoka jikoni hadithi haimfuati.

Mtu anaweza kuuliza: kwa nini alikubali? Abdias alikwenda kwenye siasa, uhamishoni, baadaye bungeni. Ruth alibaki kazini, akasaini mikataba, akavaa aproni aliyopewa. Swali hilo si la haki hata kidogo kwa mwanamke aliyeanza na ndoo za nguo za watu, lakini tusilikwepe. Nadhani aliamini kwamba kitu pekee alichokimiliki ni namna ya kucheza. Hakumiliki andiko, wala kamera, wala saa ya kurushwa. Alimiliki shingo yake, macho yake, na mwendo. Kwa hivyo wahusika wake hawakimbii, hawachekeshi kwa kujidhalilisha, hawababaiki mbele ya bwana. Kama umewahi kuona dada wa kazi wa kwenye filamu zetu za Bongo, anayeingizwa tu ili aangushe sinia na watu wacheke, utaelewa ukubwa wa ukaidi huo. Uliwekwa kidogo kidogo, kwa miaka 70, katika dakika tatu tatu.

Naye akacheleweshewa zawadi. Mwaka 2004 mwongozaji Joel Zito Araújo, ambaye tayari alikuwa ametengeneza filamu ya hali halisi juu ya jinsi tamthilia za Brazil zilivyowaficha weusi, alimpa Ruth jukumu kuu katika Filhas do Vento. Ni madada wawili: mmoja aliondoka kijijini Minas Gerais kwenda kuwa mwigizaji, mwingine akabaki. Ruth ndiye aliyeondoka, Léa Garcia ndiye aliyebaki. Wanakutana uzeeni, kwenye msiba, na kila mmoja anamwonea mwenzake wivu wa maisha aliyoyakosa. Tamasha la Gramado likawapa wote wawili tuzo ya mwigizaji bora wa kike. Ruth alikuwa na miaka 83. Humo ana kitanda, ana mapenzi ya zamani, ana dhambi, anakasirika bila kuomba radhi. Ukiitazama unajua kilichokuwa kimefungiwa kabatini muda wote huo.

Mwigizaji mweusi Taís Araújo yumo katika filamu hiyo, sehemu ya ujana. Mwaka huo huo, 2004, Globo walirusha tamthilia ambayo yeye ndiye aliyeibeba, na magazeti yakaandika: mweusi wa kwanza kuwa mhusika mkuu kwenye Globo. Mwaka 1996 alishaitwa wa kwanza, kwenye kituo cha Manchete. Mwaka 2009 akaitwa wa kwanza tena, alipopewa jukumu la Helena ambalo mwandishi Manoel Carlos alikuwa amelirudia kwa miaka mingi kwa waigizaji weupe. Hakuna aliyedanganya moja kwa moja. Kila mara waliongeza kasharti, wa kwanza wa tamthilia ya zama hizi, wa kwanza wa saa hii. Lakini Ruth alikuwa hai, anatazama televisheni nyumbani kwake. Na kabla ya Ruth, mwaka 1965, Yolanda Braga alikuwa tayari amekuwa mhusika mkuu mweusi kwenye TV Tupi. Nani anamkumbuka Yolanda? Kila wa kwanza mpya anahitaji kwamba wa zamani asahaulike kidogo, na kituo cha televisheni kinapata pongezi tena na tena kwa kufungua mlango mmoja.

Mwaka 2018 Globo walirusha tamthilia iliyowekwa Bahia, jimbo ambalo wakazi wake wengi ni weusi, huku waigizaji wake wakuu karibu wote wakiwa weupe. Kelele zilikuwa kubwa kiasi cha waendesha mashtaka wa masuala ya kazi kuingilia. Wakati huo Ruth alikuwa na miaka 97.

Machi 2019, kwenye kanivali ya Rio, shule ya samba ya Acadêmicos de Santa Cruz, yaani kikundi cha ngoma cha kanivali, iliandamana kwa heshima ya maisha yake, yeye akiwa bado anapumua, jambo ambalo wasanii wengi hulipata wakiwa kaburini. Tarehe 28 Julai mwaka huo alifariki, umri miaka 98. Mwili ulipelekwa Theatro Municipal ili watu wamuage, kwenye jengo lile lile ambalo aliwahi kulivuka kwa kunyata na kifurushi begani. Siku hiyo habari za msiba zilitangazwa kote Brazil, na nyingi zilianza kwa kumwita mwigizaji mweusi wa kwanza.